Mama Aliyezikwa Gazetini

Kalemie, tarehe 12 Februari 1975

Kwa Yaya Lucie, dada yangu mukubwa,

Jambo. Ya pili njo jambo ya bwana yangu Omer, ambaye haujamuona. Ya tatu ni ya Mama, na amenikaza nisiisahau.

Sisi tuko wazima kidogo. Omer angali anafanya kazi bandarini, lakini mugongo unamuuma. Nilizaa watoto watano, wanne njo wangali hai. Wa kwanza, Monique, aliolewa Ankoro, na ana mutoto anayeanza kutambaa. Papa yangu Célestin alikufa mwaka wa 1953. Mimi nafundisha kushona katika shule ya wasichana. Mvua ya mwaka huu imeangusha nyumba nyingi upande wa Lukuga, na yetu imepoteza ukuta wa jikoni. Ukijibu, andika juu ya bahasha "Citoyenne Kasimba". Majina ya ubatizo serikali imeyakataza, na barua ya "Adrienne" inaweza kulala posta mpaka panya waisome.

Sasa nije kwa maneno yenyewe.

Jumapili ya pili ya Januari walionyesha sinema katika sale ya paroisse, ule ukumbi wa kanisa, saa tisa ya muchana, madirisha yamefungwa kwa mablanketi. Ilikuwa filamu ya zamani ya Waingereza, imetiwa Kifaransa. Wazungu wanatafuta almasi porini, na huko wanamukuta binti ya mulozi. Binti mwenyewe amepakwa weusi kama matako ya chungu, ana mifupa ndani ya nywele, anagaagaa chini na kula nyama mbichi. Mama alikuwa karibu yangu kwenye benchi. Akasema, "Lucie."

Nikamuambia, "Mama, yule ni muntu wa sinema."

"Nilimuzaa mimi," akasema. "Najua anavyoinua bega."

Hapo ukapiga kelele. Maneno ya wasenji hawakuyatia Kifaransa, waliyaacha vilevile, na mimi nilisikia moja tu: "Mama". Mengine yalimezwa na kicheko. Sale nzima ilicheka, Yaya. Wanaume walipiga miguu chini. Mama akajifunika uso kwa kitambaa, akatoka akikanyaga miguu ya watu. Mpaka leo vijana wakipita mbele ya nyumba yetu wanapiga kelele ile yako.

Nikaenda kumuuliza mwalimu muzungu anayefundisha Kiingereza katika koleji. Alikuwa na magazeti ya kwao yenye habari za sinema, mengine ya zamani sana. Akatafuta, akakuona. Lucia Tavora! Foto yako umevaa mavazi ya hariri. Nikamuomba anisomee. Akasoma kwamba baba yako alikuwa Muingereza wa meli, na mama yako Mureno wa Lisboni, aliyekufa ungali mutoto. Akawapigia watu wa gazeti lile telegramu, nao wakamupa anwani yako. Njo hivi nimekupata.

Sisi majina yetu serikali iliyaondoa kwa sheria. Wewe nani alikushika mukono uache lako?

Sitaki salamu nyingi kutoka kwako. Nakuuliza jambo moja tu. Mama alikufa tarehe gani? Utuambie, ili tumulilie. Tena utuambie kilichomuua, maana yeye mwenyewe hajui. Asubuhi ya leo alikuwa anapepeta unga.

Mimi, mudogo wako,
Adrienne


London, tarehe 30 Aprili 1975

Adrienne mudogo wangu,

Nakujibu jambo zote tatu. Pole kwa Papa Célestin, sikujua. Pole kwa mutoto wa tano, ambaye haukuniambia jina lake. Hapa baridi inaisha. Mimi ni muzima. Sikuolewa. Kazi ni nyingi. Unisamehe Kiswahili changu, kimeota kutu. Miaka ishirini na tisa sina wa kuzungumuza naye. Nakisema peke yangu nikiosha vyombo.

Umeandika kwa hasira, nami nakujibu kwa hasira. Keti usome mpaka mwisho.

Nilikuwa na miaka kumi na mine Bwana Arthur aliyenizaa aliponitoa kwa Masœur, masista wa Kirungu, na kunipandisha meli. Alimuambia Mama ni miaka mitatu, nisome, nirudi. Wewe ulikuwa na kumi, ulisimama bandarini umevaa gauni langu la zamani. Huku aliniweka kwa dada yake, akarudi kwenye meli zake. Dada yake aliniambia niwaambie majirani kwamba nimechomwa na jua. Bwana Arthur alikufa mwaka wa 1951, nami nikatoka nyumba ile na sanduku moja.

Nikapata kazi katika jumba la sinema, kuwaonyesha watu viti. Muntu mumoja wa filamu akaniona. Akazunguka kunitazama kama anayenunua mbuzi. "Wewe ni nani? Muhindi? Muhispania?" Kabla sijafungua kinywa akasema, "Mureno. Mureno itafaa." Akaniambia, ukikubali utakuwa na kazi, ukikataa hakuna filamu ya mutoto wa mama mweusi.

Sikumujibu siku ile. Nilimuomba majuma sita. Unajua majuma sita yalikuwa ya nini? Ya posta. Nilimuandikia Mama barua, ya saba tangu nifike huku. Nilimuuliza: "Mama, wanataka niseme wewe ni Mureno na kwamba umekufa. Niseme? Ukikataa nitakataa, nitarudi nyumbani hata kwa kufua nguo ndani ya meli."

Jibu lilifika. Liko mbele yangu sasa, karatasi ya daftari ya shule yenye mistari. Nalinakili jinsi lilivyo: "Mama anasema usiandike tena. Amekusahau na amepata amani. Adrienne."

Ni mwandiko wako, Adrienne. Ile "A" yenye mukia niliyokufundisha mimi kwa kijiti, mbele ya nyumba.

Nikaenda kwa yule muntu, nikasema ndiyo.

Basi unataka kujua kazi yangu? Katika filamu nimekufa mara kumi na moja. Nimechomwa kisu, nimeumwa na nyoka, nimetupwa kutoka ukuta wa ngome, nimekufa kwa mapenzi ya mwanaume ambaye kisha anaoa msichana mwenye nywele za dhahabu. Nimekuwa Muhindi, Mwarabu, Muhispania, muntu wa kisiwa kisichokuwa kwenye karata ya dunia. Katika nyingi sina jina. Wanaandika tu "mucheza ngoma" au "mutumishi". Sauti yangu wanasema ni nzuri, lakini hawanipi maneno. Na filamu mliyoiona ilifanywa mwaka wa 1957. Nilikuwa mweupe kupita kiasi kuwa mweusi wao, kwa hiyo walinipaka. Mimi, mutoto wa Mama Dorothée, nilikaa kwenye kiti saa mbili mwanamuke muzungu akinipaka weusi kwa sifongo!

Waliniambia nipige kelele zozote, "maneno ya kule". Nikasema maneno ya kule. Nilisema, "Mama, wamenipaka masizi. Usinitazame."

Hakuna hata mumoja kule aliyejua nimesema nini. Sikufikiri filamu ile itafika Kalemie.

Uliniuliza Mama alikufa tarehe gani. Kumbuka tarehe uliyoandika juu ya karatasi yako ya daftari. Njo hiyo. Mimi nilimuzika, lakini kaburi ulilichimba wewe.

Yaya yako,
Lucie


Kalemie, tarehe 20 Agosti 1975

Yaya Lucie,

Barua yako ilifika mwezi wa sita. Nimechelewa kujibu. Posta haikuwa na timbre za kubandika juu ya bahasha. Kisha Omer alilazwa majuma mawili. Kisha ilikuwa mitihani ya wasichana. Mutoto wa tano aliitwa Élisée. Alikuwa na surua.

Mihogo mwaka huu ni mizuri. Samaki wamekuwa wachache, wavuvi wanasema ni juu ya upepo wa kusini. Catéchiste Théophile, unamukumbuka? Yule aliyekuwa anaanguka katika baiskeli. Amezeeka, lakini angali anafundisha.

Nimeandika mistari hii na sasa sina habari nyingine.

Ndiyo. Niliandika.

Sikuombi musamaha kwa barua. Lakini wewe ulisema, na mimi nitasema. Barua zako tatu za kwanza nilizisoma kwa Mama neno kwa neno. Yeye hajui kusoma, unajua. Ya tatu ulitia foto, umevaa koti la manyoya. Tangu siku ile nyumba yetu haikuwa na mutoto mwingine. Nikipika: "Lucie angetia chumvi kwanza." Nikichota maji: "Lucie alikuwa na shingo ya kubebea." Papa Célestin alikuwa amelala kitandani, kifua kimemuoza, na mimi njo niliyemugeuza, njo niliyemufulia. Masœur alikuwa ameniandikia nafasi ya kwenda Kirungu kusoma ualimu, mahali palepale uliposoma wewe. Mama akasema hapana, mugonjwa atabaki na nani? Jioni anachukua foto yako na kuipangusa kwa kanga. Nilikuwa na miaka kumi na sita! Barua ya ine niliificha. Ya tano, ya sita pia. Nilimuambia hakuna barua. Ya saba ilipofika niliisoma, nikaona unauliza ruhusa ya kumuua Mama, nikasema: tazama, muntu huyu amepata yote, sasa anataka hata hii. Nikakujibu.

Wewe ulikuwa na miaka makumi mawili. Ulikuwa mukubwa, na mimi mutoto. Mutoto akikufungia mulango, unaondoka? Haupigi hodi mara ya pili? Haukuuliza hata mapadri? Lile jibu langu lilikufaa, Yaya. Ulikuwa unalingojea. Usiniambie haukufurahi hata kidogo.

Mama hajui. Ana shinikizo la damu, daktari amesema asishtuliwe. Nilimusomea salamu zako tu. Kuhusu sinema haongei na muntu.

Nakukataza kumuandikia.

Adrienne


London, tarehe 3 Novemba 1975

Adrienne,

Pole kwa Élisée. Pole kwa Omer. Mimi ni muzima.

Unanikataza? Nani amekupa Mama akuwe wako peke yako?

Ndani ya bahasha hii kuna karatasi ya pili, imekunjwa, ni ya Mama. Nimeandika yote: barua saba, jibu lako, Mureno, masizi. Nakala yake nimemutumia catéchiste Théophile kwa anwani ya paroisse. Kama umemusomea Mama kabla yake, vizuri. Kama haujasoma, yeye atasoma, naye hajui kusema uongo. Njo maana alikuwa anaanguka katika baiskeli, kila muntu alimuambia anapita upande gani na yeye aliamini.

Usijifiche nyuma ya daktari. Muntu anayeficha ukweli miaka makumi mawili na mitatu asinifundishe juu ya damu ya Mama.

Na kuhusu kufurahi: jambo hilo nimelifikiri miezi miwili. Ndiyo, kidogo. Nilifurahi siku moja, mpaka jioni. Umeridhika?

Kwaheri, ninaitwa kazini. Wananitafuta kwa hadithi ndefu ya televisheni, nitakuwa mwenye nyumba muzee, Mureno tena, lakini safari hii sifi.

Lucie


Kalemie, tarehe 15 Februari 1976

Yaya Lucie,

Jambo. Omer amerudi kazini. Monique ameleta mutoto, anatembea sasa na anavunja vyungu. Nakuandikia haya kwa kuwa Mama ameniamuru, na ameketi hapa kwenye mukeka anatazama mukono wangu kama anayejua kusoma.

Barua yako ilifika juma moja mbele ya Noeli. Niliiweka chini ya kitambaa cha mashine ya kushona siku nne. Siku ya tano nikamuona catéchiste Théophile anakuja kwa miguu, amevua kofia, na wewe unajua anavua kofia kwa misa na kwa kilio tu. Nikatoka mbio jikoni. Nikamuambia, "Papa Théophile, ngojea nje. Nitamusomea mwenyewe."

Mama alikuwa anamenya mihogo. Nikasoma. Yote. Hata maneno ya ile karatasi ya daftari uliyoyanakili nilisoma, na jina langu chini yake. Alimenya mpaka muhogo uliokuwa mukononi ukaisha, ukawa kijiti. Kisha akasema:

"Barua ngapi ulizificha?"

"Ine, Mama."

"Ziko wapi?"

"Nilizichoma."

"Zilisema nini?"

Nikasema sikumbuki. Akanipiga kofi. Nina miaka thelathini na tisa, Yaya, nina mujukuu, na Théophile alikuwa mulangoni akiona. "Haukumbuki?" akasema. "Muntu anachoma kitu asichokikumbuka? Keti chini."

Nikaketi. Alikuwa na haki, nilizikumbuka zote. Nilikuwa nimezisoma mara nyingi kupita wewe uliyeziandika. Juma zima, kila muchana nikitoka shuleni, aliniketisha kwenye mukeka na kusema, "Ya ine." Nami nasema: ulivyoona theluji na kudhani ni unga umemwagika. Koti la manyoya halikuwa lako, lilikuwa la mupiga foto. Hilo sikumuambia mara ya kwanza. Hata mimi mwenyewe nilijifanya sikulisoma. "Ya tano." Ulikuwa na homa na dada ya Bwana Arthur hakuita daktari. "Ya sita." Ulimuota Mama anakuita, ukaamka ukiitika. Kila siku aliniambia, "Rudia," na nilirudia. Siku ya saba nikasema swali lako, lile la Mureno.

Kisha nikamuuliza jambo lililonichoma tangu Januari ya mwaka ule: "Mama, siku ya sinema ulitoka juu ya kuona haya?"

Akanitazama kama mujinga. "Haya gani? Mutoto wangu alisema nisimutazame. Nilitoka."

Alisikia, Yaya. Katikati ya kicheko kile chote alisikia kila neno. Mwaka muzima alinyamaza kwa kuwa sisi hatukumuuliza.

Lakini usifikiri hasira yake ni yangu peke yangu. Juu yako pia amesema, mpaka majirani walikuja. Amesema mutoto aliyezaliwa kwanza ana miguu mirefu. Meli zinatoka Kigoma kila juma, na wewe ulikwenda kucheza ngoma za Wahispania. Amesema Adrienne alifunga mulango na Lucie akafunga dirisha, na yeye amekaa ndani miaka yote hii akiambiwa kwamba nje hakuna muntu.

Sasa anasema niandike maneno yake bila kuongeza. Théophile ameketi nasi, atayasoma kwa sauti nikimaliza, Mama ahakikishe. Njo imani niliyobaki nayo nyumbani kwangu. Haya:

"Lucie. Mimi Dorothée, mama yako. Uliniuliza swali mwaka wa 1952. Limenifikia sasa. Jibu langu ni hapana. Usiseme mimi ni Mureno. Usiseme nimekufa. Ungeniuliza kama utacheza sinema ningesema cheza. Ungeniuliza kama utapakwa masizi ningesema wapake wenyewe. Nimekujibu. Uliahidi kwamba nikikataa utakataa. Basi kataa. Sitaki foto. Sitaki kitambaa. Pale ulipotangaza kifo changu, utangaze mimi niko. Ukimaliza njo utakuja, au hautakuja, lakini usije mbele ya hapo."

Théophile amesoma. Mama amesema ni sawa.

Adrienne


London, tarehe 9 Juni 1976

Adrienne, na Mama anayesikia,

Jambo, Mama. Jambo. Jambo. Sijui niandike mara ngapi.

Nilipokea barua mwanzo wa Aprili. Nilikwenda kulitafuta gazeti lile. Lilikwisha kufungwa, na katika biro yao, ile ofisi, sasa wanauza mazulia. Nikafikiri: basi, nimejaribu. Nilifikiri hivyo siku nzima, Mama, sikufichi. Nilikuwa natafuta tena karatasi ya kunifungia mulango.

Kisha wakubwa wa televisheni waliwaita waandishi wa magazeti kula nao chakula cha muchana, wawaonyeshe watu wa ile hadithi ndefu. Tulikuwa sita kwenye meza. Kijana mumoja wa gazeti akaniuliza, "Bibi Tavora, ulijifunza kwa mama yako jinsi Wareno wanavyosema?"

Nikasimama. Haikulazimu kusimama. Nikasema, "Mama yangu anaitwa Dorothée. Ni Muholoholo wa ziwa Tanganyika. Anaishi Kalemie, ni muzima, na ameniagiza niwaambie."

Wakacheka. Walidhani ni mchezo. Mukubwa mumoja wa televisheni akacheka kupita wote, akanishika kiwiko niketi. Nikasema mara ya pili, polepole zaidi, na kwa Kiswahili pia. Hapo kicheko kikafa kimoja kimoja, ukawa unasikia visu kwenye sahani. Mwanamuke aliyekuwa karibu yangu, ambaye zamani nilifanya naye kazi miaka kumi, akasogeza kiti chake. Kidogo tu. Lakini alisogeza.

Magazeti mawili yaliandika. Moja kwa mistari mine, limekosea "Kalemie". Nimekata yote mawili, yako ndani ya bahasha. Baada ya siku tisa waliniandikia kwamba sehemu yangu wamemupa muntu mwingine. Wanasema wamebadilisha hadithi.

Sasa niseme nililolificha, kwa kuwa wewe, Adrienne, ulilificha lako na ukalitoa. Hakuna kazi nyingi. Haijakuwako tangu mwaka wa 1966. Siku tano za juma nasimama katika duka la glavu, nawavika wanawake vidole kimoja kimoja. Wengine wananitazama na kusema, "Uso wako naujua." Nasema hapana. Sehemu ile ya mwenye nyumba njo ilikuwa ya kwanza kuwa na maneno mengi. Nilikuwa nimekwisha kuyajifunza yote. Nayakumbuka mpaka leo na sina wa kumuambia.

Nina hasira, Adrienne. Nilifikiri nikisema itatoka. Haikutoka. Nina hasira na yule muntu wa "Mureno itafaa", na Bwana Arthur, na wewe, na mimi kwa kile kicheko nilichowauzia watu miaka makumi mawili. Lakini mimi nimefanya jambo uliloniamuru, Mama, na sasa ninayo haki ya kuja. Nimeacha duka.

Lucie


Kigoma, tarehe 2 Septemba 1976

Adrienne,

Namupa barua hii baharia anayevuka leo. Mimi niko hapa siku tatu. Boti yangu inaondoka alhamisi ya juma lijalo, itafika kwenu ijumaa, wakisema kweli. Watu hapa wananijibu kwa Kiswahili bila kushangaa, na jana nilikaa sokoni muchana muzima nikiuliza bei ya vitu nisivyovihitaji.

Usiniletee kwaya wala mapadri. Usilete watoto wanione kama foto. Uje wewe peke yako bandarini, tumalize maneno yetu mbele ya kufika kwa Mama, maana yeye hastahili kuyasikia tena. Bado nimekukasirikia. Kama hautaki kuja, nitauliza njia.

Lucie


Kalemie, tarehe 3 Septemba 1976

Yaya Lucie,

Baharia anangojea, naandika nimesimama.

Nitakuja. Peke yangu. Mimi pia ningali na hasira, na ninazo nyingi za kukuambia, kwa hiyo usishuke umechoka. Mama amekwisha kujua. Baharia alipitia kwa Théophile, naye alimuambia kabla yangu. Anakataza tusigombane nje, watu watacheka. Anasema tugombane nyumbani, mbele yake, na atasema nani alikosa kwanza.

Ameua kuku wawili. Mumoja, anasema, njo wako, na mwingine njo wangu, na asiyefika hatakula.

Adrienne